Simba wa Chicago aliyeitwa simba wa Afrika

Leo naomba nianze kwa kukiri kosa langu, maana mwalimu asiyekiri makosa yake huwafundisha wanafunzi kuyaficha yao.

Nilipokuwa kijana nikifundisha historia katika shule moja hapa Kyuso, nilikuwa na picha kuukuu niliyoikata katika gazeti la kigeni. Ilimwonyesha Mzungu mwenye kofia pana, bunduki mkononi, amesimama kando ya simba aliyelala chini. Nyuma yake walijipanga watu weusi wenye mizigo vichwani. Niliibandika ubaoni, nikawaeleza wanafunzi kwamba hivyo ndivyo mambo yalivyokuwa nchini mwetu mwaka wa 1909, wakati Theodore Roosevelt, aliyekuwa ametoka tu kwenye urais wa Marekani, alipokuja kuwinda.

Mvulana mmoja, mchungaji wa mbuzi kutoka upande wa vilima vya Mumoni, aliinua mkono. Alisema kwamba majani yaliyokuwa nyuma ya simba yule hayakuwa ya miti ya kwetu. Alisema kwamba vivuli vilielekea pande mbili, kana kwamba siku hiyo yalichomoza majua mawili. Akaongeza kwamba mizigo ile ilikuwa mitupu, kwa kuwa miongoni mwa wachukuzi wote hapakuwa na shingo hata moja iliyokazana. Darasa lilicheka. Nami, badala ya kumsifu kwa macho yake makali, nilimwamuru aketi, nikamwambia kwamba picha haiwezi kusema uongo.

Usiku ule sikulala vizuri. Kila nilipoitazama picha ile, niliyaona majua mawili. Nilianza kuuliza na kusoma habari za picha za namna ile, na huko ndiko nilikokutana na maisha ya mtu ambaye zamani jina lake lilivuma katika kila jumba la sinema duniani, lakini leo ni wachache wanaolikumbuka. Mtu huyo ni William Nicholas Selig wa Chicago. Charlie Chaplin tunamjua sote. Wazee wetu walimwona na bakora yake juu ya kitambaa cheupe, wakati magari ya sinema yalipozuru masoko yetu. Selig, hata hivyo, alikuwa amekwisha kuuza kichekesho cha mzururaji miaka 18 kabla ya Chaplin kuonekana na bakora ile mwaka wa 1914.

Selig alizaliwa Chicago tarehe 14 Machi 1864, katika familia ya wahamiaji kutoka Ulaya ya Kati. Ujanani alijifunza ufundi wa kuvisha viti vitambaa, lakini mikono yake ilipenda kazi nyingine. Aliuacha ufundi huo akawa mtu wa mazingaombwe, akizunguka mji hadi mji na kuwafanya watu waamini kwamba wameona kile ambacho hakikuwapo. Katika safari hizo alijivika cheo cha Kanali, ingawa hakuna jeshi lililopata kumpa cheo hicho. Watu walimwita Kanali Selig hadi alipokufa, na yeye hakuwasahihisha.

Mnamo mwaka wa 1893, huko California, alishiriki kuendesha kundi la michezo ya jukwaani ya aina iliyopendwa mno na Wamarekani wa enzi hizo. Katika michezo hiyo waigizaji walijipaka masizi usoni na kumwigiza mtu mweusi kuwa mjinga, mvivu na mtu wa kucheza na kuimba tu. Miongoni mwa vijana waliopita katika kundi hilo alikuwamo Bert Williams, mzaliwa wa Bahamas, ambaye baadaye alikuja kuwa mmoja wa wachekeshaji wakubwa kabisa wa Marekani. Williams alikuwa mweusi kwa kuzaliwa. Hata hivyo, alipokuwa mashuhuri, naye alipanda jukwaani amejipaka weusi juu ya weusi wake, kwa kuwa watazamaji walitaka kumwona mtu mweusi wa fikira zao. Naomba msomaji alikumbuke jambo hili, maana tutalirudia. Mapema kabisa Selig alikwisha kutambua kwamba umati hulipa haraka zaidi kwa picha ambayo tayari umekwisha kuichora moyoni.

Mwaka wa 1895, akiwa Dallas katika jimbo la Texas, aliliona kwa mara ya kwanza sanduku la Thomas Edison, ambalo mtu mmoja mmoja alilichungulia na kuona picha zikitembea. Fikira mpya ikamwingia: kama picha hizo zingetupwa ukutani, ukumbi mzima ungezitazama kwa pamoja. Alirejea Chicago, akafungua studio ya picha za kawaida ili apate riziki, huku akitafuta njia ya kuutengeneza mtambo wake mwenyewe bila kukanyaga hataza za Edison. Bahati ilimleta kwa fundi wa mashine aitwaye Andrew Schustek, ambaye alikuwa amekwisha kuchonga vipuri vya mtambo wa ndugu Lumière wa Ufaransa kwa ajili ya mteja mwingine. Selig na Schustek wakaunda kamera yao na mtambo wa kuonyeshea picha. Kampuni aliyoianzisha mwaka wa 1896 ilikuja kujulikana kama Selig Polyscope.

Miongoni mwa filamu zake za kwanza ni kichekesho kifupi mno kuhusu mzururaji na mbwa, kilichopigwa Rogers Park, huko huko Chicago. Mzururaji anafika kwenye nyumba ya watu akitafuta chakula. Mbwa anamtokea. Mtu anatimua mbio, anaukwea ua, na mbwa anamdaka suruali kwa meno. Hadithi yote ni fupi kuliko muda ambao mwalimu huutumia kuita majina ya darasa. Watu walikipenda kichekesho hicho kupita kiasi, na watengenezaji wengine wakakiiga. Kwa muda mrefu kilidhaniwa kimepotea, hadi kilipopatikana katika miaka ya karibuni kwenye Maktaba ya Taifa ya Norway.

Kichekesho ni uongo, hapana ubishi. Lakini ni uongo uliovaa kengele shingoni, kama beberu anayeongoza kundi: huusikia ukija, na unajua ni nini. Mtazamaji wa Chicago alipomwona mzururaji akining'inia uani, alijua kwamba huyo ni mwigizaji na kwamba suruali ile ilinunuliwa ili iraruliwe. Alicheka, akalipa, akaenda zake, na hakuna mtu aliyedhulumiwa. Kwa kazi ya namna hii Selig anastahili heshima. Alikuwa mmoja wa watu waliowafundisha walimwengu kucheka pamoja bila ya lugha, maana sinema bubu haikuhitaji mkalimani.

Njia yake haikuwa laini. Edison alimshtaki kwa madai kwamba ameiba uvumbuzi wake, na kesi hiyo ilikaribia kumfilisi. Aliokolewa na nyama. Selig alikuwa amepiga filamu za machinjio ya kampuni kubwa ya Armour. Mwaka wa 1906 mwandishi Upton Sinclair alipotoa riwaya iliyofichua uchafu wa machinjio ya Chicago, kampuni hiyo ilitafuta picha za kulisafisha jina lake. Filamu za Selig ziliihudumia Armour, na wanasheria wa Armour wakamhudumia Selig. Hatimaye, Desemba 1908, yeye na Edison na wakubwa wengine wa sinema waliacha kugombana, wakaunda muungano wa wenye hataza ili wagawane soko.

Fauka ya hayo, Selig ni miongoni mwa watu waliouhamishia usanii huu California. Mwelekezi wake, Francis Boggs, alianza kupiga filamu Los Angeles, na mwaka wa 1909 kampuni ikajenga studio ya kudumu katika mtaa wa Edendale. Wakati huo Hollywood kilikuwa kitongoji kisichojulikana kwa sinema. Katika filamu fupi za Selig za mwaka huo ndimo alimoonekana kwa mara ya kwanza Roscoe Arbuckle, mchekeshaji mnene aliyekuja kupendwa kote duniani. Na katika kampuni hiyo hiyo Tom Mix alicheza vichekesho vyake vya wachunga ng'ombe kuanzia mwaka wa 1910.

Sasa turudi kwetu. Roosevelt aliondoka madarakani Machi 1909, akashuka Mombasa tarehe 21 Aprili. Alipanda gari la moshi hadi kituo cha Kapiti, akafikia shamba la Sir Alfred Pease huko Kitanga, katika nchi ya Wakamba, na katika nyanda hizo ndimo alimopiga simba wake wa kwanza. Msafara wake, uliotafuta vielelezo kwa ajili ya jumba la makumbusho la Smithsonian, ulikuwa na wachukuzi zaidi ya 200. Hadi alipofika Khartoum mwaka wa 1910, yeye na mwanawe Kermit walikuwa wameua wanyama 512, wakiwamo simba 17.

Kwa simulizi ya Selig mwenyewe, yeye na Roosevelt walikuwa wamezungumza kuhusu kumpeleka mpiga filamu pamoja na msafara huo. Roosevelt hakumchukua, kazi ya picha alipewa Kermit. Selig alikasirika, lakini hasira ya mfanyabiashara hutafuta faida. Alinunua simba mzee. Ndani ya studio yake ya Chicago alipanga miti na majani ili pafanane na pori. Akamtafuta mwigizaji aliyeshabihiana na Roosevelt, akawavika Wamarekani weusi wa mji huo mavazi ya wachukuzi wa Afrika, kisha kamera ikazungushwa. Simba yule aliuawa kikweli mbele yake. Hicho ndicho kitu pekee ambacho hakikuwa mchezo.

Filamu hiyo, iliyopewa jina la kuwinda wanyama wakubwa barani Afrika, ilitolewa Mei 1909, wakati ambapo magazeti yalijaa habari za Roosevelt na simba wake. Selig hakulitaja jina la rais huyo wa zamani hata mara moja. Hakuwa na haja. Aliweka mbele ya watu kofia, masharubu, miwani na simba, akawaachia wao waijaze nafasi iliyobaki. Waliijaza. Walimiminika katika majumba ya sinema wakiamini kwamba wanaiona nchi yetu, kumbe walikuwa wakitazama chumba cha Chicago.

Ajabu ni kwamba sinema ya kweli ilikuwapo. Mwingereza Cherry Kearton, mpiga picha za wanyama, alikutana na Roosevelt huku kwetu mwaka huo huo wa 1909 na akampiga filamu. Kazi yake ilionyeshwa Marekani mwaka wa 1910, na haikuvuta watu kama ilivyotarajiwa. Watazamaji walikuwa wamekwisha kushibishwa simba na Selig, wakaiona kweli kuwa chapwa. Wahenga walisema chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Laiti ingekuwa hivyo siku zote! Safari hii kibaya kilijitembeza hadi kikamaliza soko, na chema kikakosa mnunuzi.

Najua msomaji mmoja atanipinga. Atasema kwamba sinema zote ni maigizo, na kwamba simsumbui Chaplin kwa kuwa hakuwa mzururaji kwelikweli, basi kwa nini nimsumbue Selig? Hoja hiyo ina uzito, na ndiyo sababu nilianza na mzururaji na mbwa. Tofauti haimo katika kuigiza; imo katika kengele. Katika kichekesho chake cha 1896 Selig aliiacha kengele ilie. Mwaka wa 1909 aliifungua, akaificha mfukoni, akauingiza uongo wake katika kundi la habari za kweli usiku watu wakiwa wamelala. Mazingaombwe ni mchezo maadamu mtazamaji anajua kwamba ni mazingaombwe. Akisadikishwa kwamba ni ushahidi, mchezo umekwisha.

Tena tuulize ni nani aliyedhulumiwa. Watazamaji walipoteza senti zao chache tu. Hasara kubwa ilimpata mtu ambaye hakuwa ndani ya chumba kile. Wachukuzi halisi waliobeba mizigo Ukambani na kwingineko, wakikanyaga miiba na kulala njaa mvua ilipochelewa, hawakuitwa Chicago. Mahali pao palijazwa na watu waliozaliwa Marekani, wakaambiwa wasimame vile ambavyo Mwafrika alidhaniwa husimama. Hapo ndipo yale masizi ya mwaka wa 1893 yalipojitokeza tena. Asiyekuwapo na lake halipo. Mkamba wa Kapiti hakuwapo. Basi shingo yake iliyokazana haikuwapo pia, wala miti yake, wala jua lake moja.

Faida ya filamu ile ilimtia Selig wazimu wa wanyama. Alikusanya simba, chui, tembo na twiga, akajenga bustani kubwa ya wanyama Los Angeles, ambayo ilipofunguliwa kwa umma mwaka wa 1915 ilikuwa na wanyama wapatao 700. Langoni palisimamishwa sanamu za tembo na simba. Wanyama hao waliigiza katika filamu nyingi zilizodai kuwa za Afrika au za Bara Hindi, ukiwamo mfululizo wa mwaka wa 1913 kuhusu msichana aitwaye Kathlyn, ambaye kila sehemu ilimwacha katika hatari ili watu warudi kuona kama amesalimika.

Msiba nao ulimkuta. Tarehe 27 Oktoba 1911, mtunza bustani wa studio ya Edendale alimpiga risasi na kumwua Francis Boggs. Selig, aliyekuwapo, alijeruhiwa mkono. Miaka minne baadaye mahakama iliamua kwamba ule muungano wa wenye hataza ulivunja sheria za ushindani. Vita vikuu vilikuwa vimefunga soko la Ulaya, na gharama za kuwalisha wanyama 700 hazikungoja amani. Kufikia mwaka wa 1918 kampuni ya Selig Polyscope ilikuwa imekoma kutengeneza filamu. Mamia kwa mamia ya filamu zake zimepotea kabisa. Mwaka wa 1948 wasanii wa Hollywood walimkumbuka, wakampa tuzo ya heshima ya Oscar pamoja na waasisi wengine watatu wa sinema. Alifariki Los Angeles tarehe 15 Julai mwaka huo huo, akiwa na umri wa miaka 84.

Simwandiki Selig ili tumchukie. Alikuwa hodari, mvumilivu, na kicheko alichokianzisha kwa mbwa mmoja na suruali moja ni zawadi. Namwandika kwa sababu mtoto wake wa pili, yaani picha inayojifanya shahidi, hajafa. Leo mwanafunzi wa Kyuso, ambaye huenda shule yake haina maktaba, ana simu inayomletea picha mia moja kabla ya chai. Zimo picha za vita ambavyo havikupiganwa mahali palipotajwa, na picha za viongozi wakifanya mambo ambayo hawakuyafanya. Kompyuta siku hizi huchora uso wa mtu ambaye hakuzaliwa. Selig alihitaji simba, studio na mwigizaji mwenye masharubu. Mwongo wa leo hahitaji hata kimoja.

Basi walimu wenzangu, tufanyeje? Kuwakataza vijana wasitazame ni kazi bure. Ninalopendekeza ni kwamba, kila picha inapoingia darasani, iwe ya kitabuni au ya simuni, tuitolee maswali matatu. Nani aliyeipiga, na kwa faida gani? Alisimama wapi alipoipiga? Na ni nani aliyepaswa kuwamo lakini hayumo? Swali la tatu ndilo gumu, nalo ndilo letu zaidi, sisi tuliozoea kukosekana.

Nanyi wanafunzi, msidhani kwamba elimu ya kuupima uongo hupatikana katika vitabu peke yake. Anayejua kivuli cha mgunga saa tisa alasiri ana kipimo ambacho mtengenezaji wa Chicago hakuwa nacho. Aliyebeba mtungi wa maji kutoka mtoni wakati wa ukame anaijua shingo yenye mzigo na shingo inayoigiza mzigo. Usione vyaelea, vimeundwa. Na anayejua jinsi vitu vinavyoundwa hadanganyiki upesi. Waulizeni pia wazee wenu, muyaandike wanayoyakumbuka, na kama mna simu yenye kamera, wapigeni picha wakiwa wao wenyewe, mkitaja mahali na siku. Tusipofanya hivyo, watu wengine wataendelea kutupanga ndani ya vyumba vyao.

Yule mvulana wa Mumoni sasa ni mtu mzima, na sijui maisha yalimpeleka wapi. Alimaliza shule bila ya mimi kumwita na kumwambia neno nililopaswa kumwambia. Ikiwa macho yake bado husoma magazeti, na yafike kwenye mstari huu: siku ile alikuwa sahihi, na mwalimu wake ndiye aliyekosea.